Wakuu tunakufa kila mara kabla ya siku ya 10 kwenye Don't Starve Together, tunakosea wapi?

mtoto_wa_nyegezi

Habari za jioni wakuu. Naombeni msaada wenu kwenye hili, kwa wengine litaonekana dogo ila kwangu lina uzito. Mdogo wangu alihamia Bukoba mwezi wa kwanza kwa shangazi, yuko kidato cha tatu huko. Tumelala chumba kimoja toka anazaliwa na sa hivi sehemu pekee tunayokaa pamoja ni jumamosi na jumapili usiku kwenye Don't Starve Together, lile gemu la kuhangaika kubaki hai porini, mi nafungua dunia kwenye laptop yangu hapa Nyegezi, yeye anaingia kutoka Bukoba, binamu yetu anaingia kutoka Buhongwa na kuna jirani mmoja, jumla tuko wanne.

Tatizo ni kwamba tumeanzisha dunia mpya mara saba na hatujawahi kufika siku ya 10. Ya kwanza tuliuliwa na giza wote bila kuelewa nini kimetupiga. Ya pili na ya tatu njaa. Baadae tukajifunza kuwasha moto tukawa tunajenga kabisa, jumamosi iliyopita tulikua na ukuta wa mawe pande tatu tumeuhangaikia toka siku ya pili, siku ya 7 tukasikia mlio kama wa mbwa wanaunguruma kwa mbali, tukajua ni sauti tu za gemu. Mara wakaja mbwa wengi wakapita ule upande ambao hatujamaliza. Mdogo wangu akafa wa kwanza, akawa mzimu. Akawa anazunguka pembeni ya moto wetu anatutazama na sisi hatujui tunamrudishaje, kile kipimo cha akili (sanity) za wahusika wetu kikaanza kushuka, binamu akafa, jirani akafa, mimi nikakimbia porini na uhai 20 bila mwenge na jua limeshazama. Ikatokea ile hesabu ya sekunde 120 inarudi nyuma mpaka sifuri na dunia yote ikafutika. Mdogo wangu akasema tu "basi kaka, wiki ijayo" alafu akakata. Iliniuma kwa kweli.

Naomba kujua siku za mwanzo mnafanya nini na nini, kambi mnaweka wapi, chakula mnakipataje cha watu wanne, na huyo mzimu anarudishwaje. Laptop yangu ya zamani RAM 4, intaneti ni hotispoti ya simu. Natanguliza shukrani.

---

furu_wa_kirumba

Pole sana mdogo wangu, na hongera kwa kumfuata mdogo wako mpaka humo ndani.

Mi naanza na giza kwa sababu hata mkishalijua bado linawapotezea muda bila nyie kujua. Siku moja ya gemu ni dakika 8 za saa ya ukutani. Msimu huu mnaoanzia, hizo dakika 8 zinagawanyika hivi, mchana dakika 4, jioni dakika 3, usiku kamili dakika 1 tu. Anayeua gizani anaitwa Charlie, humwoni, anatoa mlio kwanza alafu anapiga, pigo lake ni 100 na mhusika kama Wilson ana uhai 150, kwahiyo la kwanza unaweza kubaki mzima ila la pili umekwenda. Sasa angalia mwenge, unatengenezwa kwa nyasi 2 na vijiti 2 na unawaka sekunde 75. Usiku una sekunde 60. Piga hesabu mwenyewe, mwenge mmoja unakuvusha usiku mzima, nyasi mbili na vijiti viwili basi!

Nimelirefusha hili kwa sababu nyie nahisi mlikua mnarudi kwenye ule ukuta kila jioni. Jioni bado mnaona, fanyeni kazi, msiwashe kitu. Baba yangu mdogo anavua dagaa kule Igombe, siku ya kwanza kunichukua kwenye mtumbwi jua lilipogusa maji mi nikanyoosha mkono niwashe taa akanishika mkono, akaniambia taa unaiwasha macho yakishindwa kabisa, kabla ya hapo unaunguza hela. Ndo hivyo hivyo. Mwenge uwe mkononi tayari, washa pale skrini inapokua nyeusi kweli.

Ile misimu iko hivi, siku 20 za kwanza hali ya hewa nzuri, siku ya 21 baridi inaingia. Siku 20 mara dakika 8 ni saa 2 na dakika 40. Hizo saa 2 na dakika 40 ndo shamba lenu, ukizitumia kujenga ukuta ndo umeshaliuza shamba.

Kwahiyo siku ya 1 mpaka ya 5 au ya 6 hamna kambi. Mnatembea. Shikeni ufukwe, wawili wakate kulia wawili kushoto, fuateni maji kama mtu anayezunguka Ukerewe kwa mguu, mkikutana mnajua dunia yote ina umbo gani. Ila ujue ramani aliyotembea mwenzio wewe huioni kwako, kila mtu anachora yake, kwahiyo ongeeni kwenye simu, "nimeona mawe yenye dhahabu kaskazini", "kuna kijiji cha nguruwe huku". Mkikuta barabara ipiteni, mguu unaenda haraka kuliko kwenye majani. Okoteni kila nyasi na kila kijiti mnachopita, na gumegume, lile jiwe dogo lenye makali. Shoka ni kijiti 1 na gumegume 1, sururu ni vijiti 2 na gumegume 2. Mnachotafuta hasa ni mawe makubwa yenye michirizi ya dhahabu maana mashine ya kwanza, inaitwa Science Machine, inataka dhahabu 1, magogo 4 na mawe 4. Ukishaipata hiyo mambo mengi yanafunguka.

Kitu kingine mnachoweza kukosea mkiwa wengi, kila mtu ajifunzie vitu vyake pale kwenye mashine. Wewe ukitengeneza mkuki wa kwanza pale haimaanishi mdogo wako ameshaujua. Wote wanne msogee, kila mmoja atengeneze begi lake, nyasi 4 vijiti 4 linakuongezea nafasi 8, na mkuki wake. Ukishatengeneza mara moja unaweza kurudia popote hata katikati ya pori.

---

dada_wa_bwiru

Nakazia alichosema furu kuhusu kutembea. Mi nakuja kwenye chakula maana hapo ndo nimefia sana mwanzoni.

Kila mtu tumbo lake linapungua 75 kwa siku. Wilson na wengi wengine wanabeba 150, yaani ukishiba kabisa una siku mbili. Yale matunda mekundu ya vichakani moja linakupa 9 na kitu, ukilichoma 12 na nusu. Sasa watu wanne mkila matunda mabichi kila mmoja anahitaji kama 8 kwa siku, matunda 32 kila siku moja, vichaka gani hivyo? Ndo maana mnakufa njaa wakati mmezungukwa na chakula.

Dawa ni chungu, kwenye menyu kinaitwa Crock Pot. Kinataka matofali ya mawe 3, kila tofali ni mawe 3 kwahiyo andaa mawe 9, mkaa 6 na vijiti 6, na mnakijenga mkiwa karibu na ile mashine. Mkaa unapata kwa kuchoma miti alafu kuikata ikishazima, chagueni miti iliyojitenga, moto unaruka kutoka mti hadi mti nimeshawahi kuunguza msitu wote na nyasi zote za siku hiyo. Ndani ya chungu unatia vitu vinne. Kipande kimoja cha nyama hata kile kidogo cha sungura, na vingine vitatu matunda au karoti au uyoga wowote usio na sumu. Unapata Meatballs, yale makababu ya mviringo, moja linajaza 62 na nusu. Karibu siku nzima ya mtu mmoja! Kwa nyama moja ya sungura na matunda matatu, ambayo ungekula hivi hivi ungepata kama 40 tu.

Usitie vijiti humo kwenye chungu, hapo utatoa mshikaki sio kababu. Na ile nyama ya zambarau ya mbwa na buibui ni moja tu kwa chungu, ukitia mbili unapata kitu kinachokuumiza. Ikiwa moja haina shida kabisa, kwahiyo mbwa wakija na mkawashinda mmepata kitoweo.

Sungura ndo wa kutegemea. Mtego ni vijiti 2 na nyasi 6 hauhitaji mashine. Uweke juu ya shimo lenyewe, sio pembeni ya shimo, asubuhi. Jioni unakuta ameingia. Mitego 6 kwenye uwanja wenye mashimo mengi inalisha watu wanne na hata baridi ikija sungura bado wapo, wanabadilika rangi tu.

Na nyie mna mtu ambaye hajafurahi na kifo chake, mdogo wako mpe kazi ya chungu. Mi mdogo wangu wa kike nilimpa hiyo kazi, akawa anakaa kwa chungu anauliza kila mtu una njaa ngapi, una uhai ngapi, yeye ndo anajua nani ale kwanza, na kwa sababu anafuatilia namba za watu wote akawa anaona hatari mapema kuliko mimi.

Ukishapata mkaa wa kutosha jenga na kichanja cha kukaushia nyama, vijiti 3 mkaa 2 kamba 3. Nyama kavu inakaa siku 20 wakati ile mbichi inaoza ndani ya siku 6. Bibi yangu Magu alikua anakata viazi michembe kabla ya njaa haijaja, watu wanacheka viazi vipo shambani unakausha vya nini, na mwezi wa kwanza wanakuja kwake na vikapu. Halafu mvua ikinyesha kwenye gemu kile kichanja kinasimama kukausha mpaka ikatike, kama dagaa kabisa, nilivyoona mara ya kwanza nilimwita mama aje aangalie.

---

mzee_wa_matete

Achaneni na ukuta. Sijawahi kujenga ukuta msimu wa kwanza na nimefika siku ya 200 na kitu. Mbwa hawatafuti nyumba yenu, wanawatafuta nyie, popote mlipo.

Ule mngurumo mliousikia kwa mbali ndo taarifa yenyewe, unatangulia na unazidi kusogea. Ukisikia hivyo acha unachofanya, washa mwanga kama ni usiku, kaeni pamoja na wote muwe na mkuki na vazi la magogo. Vazi ni magogo 8 na kamba 2, kamba moja ni nyasi 3. Linakata sehemu kubwa sana ya maumivu na nashangaa wageni wengi hawalitengenezi mapema. Mkuki unapiga 34, mbwa ana uhai 150, hesabu mapigo matano. Anaruka kung'ata, unarudi nyuma hatua, unampiga mara mbili, unarudi tena.

Kama hamjajiandaa, kimbilieni kwa Beefalo, wale wakubwa kama nyati wenye manyoya wanaokaa uwandani kwa kundi. Pita katikati yao mbwa wakufuate, mbwa wakikosea wakamng'ata mmoja kundi zima linawageukia. Kwahiyo kambi yangu mimi huwa iko umbali wa skrini mbili hivi kutoka kwa Beefalo, karibu na barabara na mashimo ya sungura. Sio katikati yao kabisa maana kuna msimu wanakua wakali hata kwa binadamu.

Na kinamasi. Ukiona ardhi imekua ya rangi ya zambarau iliyokufa, kuna matete na miti ya miiba, toka. Chini kuna mikono inachomoka ghafla inaua kwa mapigo machache. Sisi tuliokulia huku ziwani tunajua, mtoto haingii kwenye matete bila kujua kilichopo ndani.

---

mtoto_wa_nyegezi

Yani nimesoma nikabaki naduwaa, kumbe usiku ni dakika moja na sisi tulikua tunakusanya magogo 30 kila siku kwa ajili ya moto. Asanteni sana dada na wakuu wote. Mdogo wangu nimemtumia hiyo ya chungu amesema ameikubali kazi.

Swali la mzimu bado wakuu. Na pia binamu amesikia kuna aina ya mchezo ambayo dunia haifutiki, tuchague hiyo au ndo tutakua tunajidanganya?

---

kijana_sengerema

Mzimu anarudishwa na moyo, Telltale Heart. Nyasi 3, tezi ya buibui 1, na uhai wako 40 unautoa wewe unayetengeneza. Hauhitaji mashine. Unampa mzimu anafufuka hapo hapo ila kiwango chake cha juu cha uhai kinapungua, kwahiyo sio kitu cha kuchezea. Tatizo la watu wanakumbuka tezi mtu akishakufa, sasa utakwenda kupigana na buibui saa hiyo, usiku, na akili inashuka kwa sababu ya mzimu? Mzimu akiwepo wote mlio hai akili zinapungua polepole, ndo maana nyie mlianguka kama mchanga mmoja baada ya mwingine. Tafuteni tezi siku ya 4 au 5 mkiwa wazima wote. Kiota cha buibui kidogo, kile cheupe, mchana wamelala ndani. Watu wawili na mikuki na vazi, kanyaga utando wanatoka, buibui wa kawaida ana uhai 100 mkuki unapiga 34, mapigo matatu. Rudia mpaka mpate tezi mbili. Mtu mmoja abebe nyasi 3 na tezi muda wote na asiwe yule anayependa kupigana.

Njia nyingine ni yale mawe ya kufufukia yenye vichwa vya nguruwe kwenye miti, Touch Stone. Mkiyaona wakati mnazunguka ufukwe yakumbukeni, mzimu anakwenda mwenyewe analishika anafufuka, kila mtu mara moja kwa kila jiwe.

Hiyo ya dunia isiyofutika inaitwa Endless, mzimu anafufukia pale mlangoni mlipoanzia. Mi binafsi siipendekezi. Mtu anakufa anarudi, anakufa anarudi, mwezi mzima hajajifunza kwa nini anakufa.

---

dada_wa_bwiru

Kijana wa Sengerema hapo sikubaliani na wewe kaka. Hawa wana usiku mbili kwa wiki. Dunia ikifutika jumamosi saa nne usiku wameshapoteza na jumapili pia, maana mtoto amevunjika moyo, amesema mwenyewe mdogo wake alikata simu. Wewe na mimi tulijifunza kwa kufutiwa kwa sababu tulikua na likizo nzima. Mtoto wa Nyegezi chagueni Endless kwanza, mkifika baridi mara moja mnaanzisha nyingine ya Survival, ile inayofutika, mkiwa mnajua njia. Vitu vyako ukifa vinabaki pale ulipoangukia kwahiyo kifo bado kinauma, usiogope.

Na kama mdogo wako anaogopa kupigana achague Wendy. Ana dada yake mapacha ambaye ni mzimu, Abigail, anapigana badala yake, kundi la buibui anawamaliza peke yake. Wendy mwenyewe anapiga kwa nguvu pungufu kidogo lakini kwa mpishi haina shida.

---

kijana_sengerema

Sawa dada nimekuelewa, kwa hali yao hiyo Endless ni haki. Ila tezi wabebe.

---

fundi_igoma

Hakuna aliyegusa laptop. Gemu yenyewe kampuni ya Klei waliitoa rasmi 2016 sio nzito, lakini wewe unafungua dunia na unacheza kwenye mashine hiyo hiyo RAM 4, hapo ndo pagumu. Wakati wa kutengeneza dunia kuna sehemu ya mapango. Usiyaweke. Ukiyaweka kompyuta yako inaendesha dunia mbili kwa wakati mmoja, ya juu na ya chini, hata kama hamna mtu aliyeshuka. Kwa wanaoanza mapango hayana kazi. Funga na kivinjari chote, kila ukurasa ulioacha wazi unakula RAM ambayo mdogo wako Bukoba anaihisi kama mtu wake anayetembea anarudi nyuma.

Hotispoti, weka simu dirishani unapopata mtandao mzuri alafu unganisha kwa waya wa yuesibi kwenda kwenye laptop badala ya waifai. Nilikua naishi nyuma ya mawe makubwa huku, ukuta mzima wa jabali unazuia mnara, nilivyohamisha simu mita tatu tu ikawa gemu nyingine.

Umeme. Gemu inajihifadhi kila asubuhi ya siku mpya. Ukikatika saa ya jioni ya gemu unarudi asubuhi ya siku hiyo, kwahiyo mnachopoteza hakizidi dakika 8, hamna haja ya kulia. Ila betri ya laptop ikiwa imekufa kabisa kama nyingi za zamani, mwenye dunia awe mwenye betri zima, hata kama ni binamu wa Buhongwa. Mwenye dunia akitoka wote mnatoka.

Na mkiwa wengi ukifungua ramani muda hausimami. Mtu anafungua ramani anasoma anasoma anakuja kufunga ameshapigwa.

---

mtoto_wa_nyegezi

Wakuu nimerudi na ripoti. Tuko siku ya 17 na wote wanne tuko hai!!

Tulichagua Endless, bila mapango, na fundi yuko sahihi, mdogo wangu kaniambia "kaka leo natembea kama niko hapo Nyegezi". Siku 5 za kwanza tulizunguka ufukwe, mi na mdogo wangu kulia, binamu na jirani kushoto. Dhahabu tuliiona siku ya 3. Siku ya 6 tukasimamisha mashine na chungu karibu na barabara, Beefalo tunawasikia kwa mbali. Jirani alikufa siku ya 8, alichokoza nyuki, nyasi na tezi tulikua nazo tayari, binamu akautengeneza moyo na uhai wake ukashuka ila kababu mbili na kulala kidogo akawa sawa. Mbwa walikuja siku ya 9, wote tulikua na mavazi ya magogo. Hakuna aliyekufa. Tulipiga kelele mpaka mama akaja kugonga mlango.

Ila nilichotaka kuwaambia ni siku ya 11. Nilikua nimeenda mbali kukagua mitego na mdogo wangu akaniomba aje, chungu amuachie binamu. Jioni ikaisha tukawasha mienge wote wawili. Tukawa tunatembea, akasimama, akasema "kaka zima mwenge". Nikamwambia unataka tufe. Akasema "zima uone". Akazima wa kwake. Nchi yote ikawa ya bluu, miti inaonekana, mashimo ya sungura yanaonekana, hakuna mlio wa Charlie wala nini. Mwezi ulikua umejaa. Tulikaa pale hatufanyi kitu dakika yote nzima mpaka kukapambazuka.

Sasa tumebakiza siku 3 baridi iingie na hapo hatujawahi kufika. Tuna nyama kavu 11, mitego 6. Tuandae nini?

---

furu_wa_kirumba

Nimefurahi sana mdogo wangu, kweli kabisa. Usiku wa 11 ndo mwezi mpevu wa kwanza, na umepona kitu kingine, usiku ule mngekua kijijini kwa nguruwe wangegeuka wakawatafuna. Baba mdogo mwezi ukijaa anabaki nyumbani anashona nyavu maana dagaa hawaifuati taa, mi mwezi ukijaa ndo naenda kukata miti bila mwenge.

Baridi sasa. Kwanza usiku unakua mrefu, kutoka dakika 1 unakua dakika 3. Mwenge wako wa sekunde 75 hautoshi tena, ukitoka hesabu mienge 3 kwa usiku. Nyasi kusanyeni leo na kesho, mimea mingi inasimama kukua, matunda ndo basi. Kwenye chungu badala ya matunda mtatia barafu, utayakuta yale mabonge ya barafu yanayochimbwa kwa sururu.

Pili jiwe la joto, Thermal Stone. Mawe 10, sururu 1, gumegume 3, na linataka mashine ya pili ile kubwa, Alchemy Engine, kwahiyo fanyeni hiyo kabla ya kila kitu. Unaliweka chini karibu na moto likichemka linakua la rangi ya machungwa na linatoa mwanga, unalibeba unatembea nalo. Likipoa rangi inageuka, rudi kwenye moto. Kila mtu awe na lake. Ukikwama mbali skrini inaanza kuganda pembeni, choma mti wowote simama karibu, utapona, na asubuhi una mkaa.

Tatu, kuanzia siku ya 30 hivi anakuja Deerclops, mkubwa ana jicho moja, utasikia anaguna kabla hajafika. Msipigane naye mara ya kwanza. Anavunja vilivyojengwa kwahiyo mkimsikia wote mtoke kambini muende mbali na chungu, awafuate huko huko uwandani.

---

mtoto_wa_nyegezi

Asante sana kaka. Gumegume tunazo 9 tu, zinatosha mawe matatu na bado sururu zenyewe zinataka gumegume. Kesho tunaanzia kule kwenye mawe ya dhahabu kabla ya kitu kingine. Mdogo wangu nimemsomea yote kwenye simu, akauliza Deerclops akija nani anabeba nyama kavu. Nimemwambia mpishi.